Mkono Uangushao na Mkono Ugangao

Tunapoutaja utamaduni wa Songea, aghalabu fikra zetu huenda kwenye ngoma ya lizombe, au kwenye Makumbusho ya Majimaji yanayotunza kumbukumbu ya mashujaa walionyongwa mjini hapo tarehe 27 Februari 1906. Ni haki. Lakini mkuki hudumu baada ya mwenyewe kufa; ujuzi wa mkono haudumu. Ujuzi huo ndio tunaoupuuza.

Tuchukue mfano wa mieleka. Mpiga mieleka hodari hashindi kwa nguvu tupu. Huukamata mkono wa mwenzake mbali na bega, akaupinda kuelekea upande usiopindika. Nguvu ndogo ikawa kubwa, kama ya mtaimbo ung'oao jiwe. Akizidisha, bega huteguka. Sasa tumtazame alirudishaye. Kwa njia iliyoelezwa na daktari Theodor Kocher wa Uswisi mwaka 1870, kiwiko hukunjwa, mkono huzungushwa nje polepole, kiwiko huletwa mbele ya kifua, ndipo mkono hugeuzwa ndani. Mtaimbo ni uleule. Tofauti ni mwendo na nia: mmoja hutafuta maumivu ili mwenziwe asalimu amri, mwingine hungoja misuli ilegee.

Lugha yetu ililiona hilo zamani. Kuganga ni kuunga kilichovunjika, na pia ni kuponya. Wajapani nao waliliweka katika sheria: tangu mwaka 1920 mafundi wa judo waliofuzu waliruhusiwa kufanya kazi ya kuganga mifupa na viungo.

Kwetu, Sheria ya Tiba Asili na Tiba Mbadala ya mwaka 2002 imemtambua mganga. Lakini kulitambua jina si kuijua kazi. Wanaomdunisha mganga wa mifupa wangali na kasumba ya kikoloni. Wanaomsifu bila kumpima nao wanakosea, kwani banzi lililokazwa mno huzuia damu, na mgonjwa aweza kupoteza mguu.

Hapana budi walimu na wanafunzi wawaendee wazee wajuao, si ili wajaribie wenzao, bali wawaulize: kiungo hushikwa wapi, huvutwa kuelekea wapi, na ni dalili gani imwambiayo mganga aache? Majibu yaandikwe, kisha madaktari wayapime. Kazi hii haifai kuahirishwa, maana mganga afapo, mikono yake huzikwa pamoja naye.