Lozi Njema Hainukii Mbali: Mwongozo wa Kuipima Marzipani

Marzipani haina siri nyingi. Ni lozi tamu zilizomenywa, sukari, na maji kidogo, vikasagwa pamoja mpaka vikashikana kuwa donge laini. Lakini kati ya vitu hivyo, lozi ni ghali na sukari ni rahisi. Fundi anayetafuta faida hupunguza cha ghali, huongeza cha rahisi, kisha huziba pengo kwa matone mawili ya arki. Mnunuzi hufungua karatasi, harufu ya lozi ikampiga puani, naye akaridhika kwamba amepata mali safi.

Hapo ndipo wengi wanapopunjwa. Anayetaka kuijua marzipani aanze na kanuni hii: harufu kali si ushahidi wa lozi nyingi, na mara kwa mara ni ushahidi wa kinyume chake. Ubora wa lozi unakaa kwenye mafuta yake, kwenye chembe zake na kwenye ladha inayobaki mdomoni sukari ikishaondoka. Pua iitwe mwisho, baada ya jicho, mkono na ulimi kutoa ushahidi wao.

Harufu inatoka wapi

Mlozi ni jamaa ya mpichi, mwaprikoti, mplamu na mcheri. Tunachokula ni kiini kilichomo ndani ya kokwa ngumu, kwa kuwa nyama ya tunda lenyewe ni kavu na hailiki ikikomaa. Viini hivyo viko vya namna mbili, vitamu na vichungu. Vichungu vina amigdalini, kitu ambacho wanakemia wa Kifaransa Robiquet na Boutron-Charlard walikitenga mwaka 1830.

Amigdalini yenyewe hainuki. Lozi chungu ikisagwa na kuguswa na maji, vimeng'enya vilivyomo ndani yake huivunja amigdalini ikatoa vitu vitatu: sukari, sianidi ambayo ni sumu, na benzaldehidi. Hiyo benzaldehidi ndiyo harufu ambayo watu wengi wakiinusa husema, "Hii lozi." Lozi tamu karibu haina kitu hicho. Utafiti uliochapishwa mwaka 2019 katika jarida la Science ulionyesha kuwa badiliko dogo kwenye jeni moja ndilo lililoufanya mlozi mtamu uache kutengeneza amigdalini kwa wingi. Kwa hiyo lozi tunayoila kila siku ina harufu ya chini tu: ya maziwa, ya mbao mbichi, na kwa mbali ya ua.

Benzaldehidi hupatikana pia kwenye viini vya aprikoti na pichi, na viwandani hutengenezwa kutokana na toluini, zao la mafuta ya petroli. Chupa nyingi za arki ya lozi zilizopangwa madukani hazikupitia kwenye lozi hata moja. Hata Disaronno, pombe tamu ya Italia inayosifiwa kwa ladha ya lozi, watengenezaji wake wenyewe wanasema haina lozi ndani.

Jambo moja la usalama. Usionje lozi chungu mbichi wala viini vibichi vya aprikoti kwa ajili ya kujifunza harufu. Mamlaka ya usalama wa chakula ya Ulaya ilionya mwaka 2016 kwamba mtu mzima akila viini vibichi vya aprikoti zaidi ya vitatu vidogo kwa mara moja anaweza kuvuka kiwango salama cha sianidi, na kwa kikubwa hata nusu yake inatosha. Kwa mtoto mdogo, kiini kimoja kidogo tayari ni hatari.

Anza na punje

Huwezi kulipima donge kama huijui punje. Ukiwa dukani, iwe Darajani au Kariakoo, usinunue kwa kuangalia gunia. Mwambie mwenye duka, "Ami, naomba punje mbili nionje kwanza." Muuzaji mwenye mzigo mzuri hakatai.

Ya kwanza itazame. Ganda lake jembamba liwe la kahawia isiyofifia, bila vitobo vya wadudu wala unga unaoachwa na vitobo hivyo. Ivunje katikati: ndani iwe nyeupe yenye kuelekea rangi ya maziwa, sawasawa mpaka katikati. Ukikuta umanjano mzito au duara la kahawia, mafuta yameanza kuharibika. Karibu nusu ya uzito wa lozi ni mafuta, na mafuta hayo yakikaa kwenye joto na mwanga huvunda. Lozi iliyovunda hunuka rangi ya mlango, na hakuna sukari wala maji ya waridi yatakayoificha.

Ya pili itafune polepole, upande mmoja wa mdomo. Punje nzuri hukatika kwa mlio, kisha hulainika na kuacha utamu mdogo unaokuja kwa kuchelewa. Ikipinda kabla ya kukatika, imeingia unyevu.

Lozi nyingi duniani, takriban asilimia 80, hutoka California, na aina inayotamba huko ni Nonpareil: bapa, laini, yenye ladha ya upole. Marcona ya Hispania ni fupi na ya mviringo, ina mafuta mengi na utamu zaidi. Kutoka Avola, kule Sicily, kuna Pizzuta, iliyochongoka na yenye ladha nzito. Fundi anayekutajia aina ya lozi anayotumia amekupa kitu cha kumpimia. Anayekuambia tu "lozi bora" hajakuambia neno.

Jicho, kidole na kisu

Sasa uiweke marzipani mezani, isiyopakwa chokoleti. Jicho litafute rangi ya maziwa yaliyokaa, yenye umanjano kidogo, na vitone vidogo vya rangi tofauti pale ambapo kipande cha ganda kilimponyoka mmenyaji. Weupe kama wa chaki una maana ya sukari nyingi.

Bonyeza kwa kidole gumba. Alama ya kidole ibaki, kingo zake zisipasuke, na kidole kitoke kikiwa na unyevu mdogo tu. Kingo zikipasuka, donge limekauka au sukari imezidi. Kidole kikitoka kinang'aa mafuta, fundi amelisaga donge kupita kiasi, joto likapanda, mafuta yakajitenga na nyama ya lozi. Donge la namna hiyo halirudi, na litakauka upesi kwa nje huku likitoa jasho kwa ndani.

Ndiyo maana kazi hii ina hatua zake. Lozi humwagiwa maji ya moto ili ganda lichomoke, husagwa pamoja na sukari, na kwa desturi hupitishwa kwenye magurudumu ya mawe ya graniti. Sukari haipo kwa utamu tu: hubeba mafuta yanayotoka na kuyazuia yasijitenge. Kisha donge hupikwa kwenye sufuria ya shaba likikorogwa mfululizo, maji ya ziada yakauke na ladha ya kukaangwa kwa mbali iingie, halafu hupozwa haraka. Kata kwa kisu chembamba uone kama hatua hizo zilifuatwa: uso wa mkato uwe laini bila kung'aa, na ukiutazama kwa karibu uone chembe. Mkato unaong'aa kama sabuni umetoka kwenye donge la sukari na sharubati ya glukosi.

Ulimi una zamu tatu

Weka kipande kidogo juu ya ulimi, ufunge mdomo, usitafune. Zamu ya kwanza ni ya sukari, nayo huyeyuka mara moja. Sasa subiri. Kama baada ya sukari kuondoka hakuna kilichobaki, umeshapata jibu. Kama kimebaki kitu, kiviringishe dhidi ya kaakaa: utasikia chembe nyororo, na mafuta yakianza kutandaa. Hiyo ni zamu ya pili, ya lozi yenyewe, nayo iwe ndefu kuliko ya kwanza.

Zamu ya tatu huja ukishameza. Marzipani ya mafundi wa zamani huacha uchungu mdogo nyuma ya ulimi, kwa sababu huchanganya lozi chungu chache kwenye lozi tamu nyingi. Sianidi huchemka kwa nyuzi 26 tu, kwa hiyo huondoka pindi donge linapopikwa, na harufu ikabaki kiasi. Uchungu huo uje kwa adabu, mwishoni, na upotee wenyewe. Ukikufikia kabla hujameza, na ukakumbusha dawa ya kikohozi ya cheri, hiyo ni arki.

Baada ya hapo ndipo unuse. Kata kipande kipya, ukilete karibu kabisa na pua. Marzipani njema hainukii kutoka upande wa pili wa meza.

Lebo na hesabu zake

Lübeck, mji wa bandari kaskazini mwa Ujerumani, ndio unaotajwa sana kwa marzipani. Nyumba ya Niederegger ilianza kazi hapo mwaka 1806, na tangu 1996 jina la marzipani ya Lübeck linalindwa na Umoja wa Ulaya. Ujerumani ina vipimo ambavyo mnunuzi wa popote anaweza kuviazima. Donge ghafi, kabla ya kuongezwa sukari ya mwisho, lisiwe na sukari zaidi ya asilimia 35 wala maji zaidi ya asilimia 17. Marzipani ya kawaida yaruhusiwa kuwa nusu donge ghafi na nusu sukari. Ya Lübeck iwe na donge ghafi angalau asilimia 70, na ile ya daraja la juu asilimia 90.

Piga hesabu. Katika ile ya nusu kwa nusu, lozi pamoja na maji yake zaweza kubaki theluthi moja tu. Katika daraja la juu zinakaribia asilimia 60. Zote mbili zina haki ya kuitwa marzipani, lakini hazina haki ya bei moja.

Kuna pia persipani, donge linalotengenezwa kwa viini vya aprikoti au pichi vilivyoondolewa uchungu. Si haramu, na ndani ya keki hufanya kazi vizuri. Haramu ni kuiuza kwa jina lisilo lake. Wajerumani waliiwekea alama: huongezwa wanga, asilimia 0.5 hivi, ili iweze kutambuliwa. Jaribio lake unaweza kulifanya nyumbani. Chukua iodini ya kusafishia vidonda, izimue kwa maji mpaka iwe kahawia nyepesi, dondoshea tone moja juu ya kipande. Lozi karibu haina wanga, kwa hiyo marzipani safi hubaki na rangi ileile ya kahawia. Persipani yenye alama hiyo, au donge lililoongezwa unga, hugeuka buluu iliyokoza karibu na weusi. Kipande hicho ukitupe, kisiliwe.

Kila mji na mizani yake

Usiipime ya Toledo kwa mizani ya Lübeck. Mazapani ya Toledo, huko Hispania, huokwa, na lozi zisipungue nusu ya uzito wake. Tafuta ganda jembamba la dhahabu juu na nyama yenye unyevu chini. Ile ya mtindo wa Königsberg, mji ambao leo ni Kaliningrad, huunguzwa juu kwa moto, na maji ya waridi yaonekane kwenye ladha bila kutawala. Matunda ya martorana ya Palermo hufinyangwa na kupakwa rangi mpaka mtu adhani ni pichi au tini la kweli. Hapo kazi ya mkono inahesabiwa kabla ya ulimi.

Na halua yetu? Katika halua ya Unguja, kama ya Oman, lozi ni mgeni wa heshima. Mwili wa halua ni wanga, sukari na samli, na harufu ni ya iliki na zafarani. Usiihukumu kwa wingi wa lozi. Angalia tu kama lozi iliyowekwa bado inakatika kwa mlio au imenyonya unyevu ikawa kama ngozi.

Mtu wa pwani ana chuo kingine cha bure, nacho ni mkungu. Si jamaa ya mlozi, lakini kiini cha kungu kina mafuta na utamu unaoukaribia sana ule wa lozi, bila ile harufu ya arki. Mtoto aliyezoea kuvunja kungu kwa jiwe tayari anajua lozi inavyopaswa kukaa mdomoni, hata kama hajawahi kuona marzipani.

Tengeneza kipimo chako

Njia fupi ya kuunoa ulimi ni kutengeneza donge lako. Menya gramu 200 za lozi nzuri, zikaushe usiku kucha kwenye kitambaa, kisha zisage pamoja na gramu 100 za sukari laini, ukisimamisha mashine kila mara isipate joto. Ongeza maji ya waridi kijiko kimoja, ukande, ufunge, uache kutwa moja. Usitie arki. Onja kipande chake kando ya kila unachonunua, kwa zamu tatu zilezile.

Kisha nenda dukani ukageuze boksi usome nyuma. Viungo huandikwa kwa kufuata uzito, kilicho kingi kikitangulia. Ukikuta sukari imetajwa kabla ya lozi, nunua ukipenda, lakini lipa bei ya sukari.