Wanne Wasio na Mwalimu Mbele Yao

Usharika wowote katika mteremko wa Kilimanjaro, kuanzia Machame hadi Mwika, una kitu ambacho kwarteti ya nyuzi hukihitaji kabla ya vyombo vyenyewe, nacho ni watu waliozoea kushika sauti nne. Kijana aliyepita Shule ya Jumapili, akapata kipaimara, akaingia kwaya ya vijana, anaweza kusimama katikati ya wenzake akaishika sauti ya tatu bila kuvutwa na ya kwanza. Mazoea haya yana umri. Kanisa Katoliki lilifika Kilema mwaka 1890, na Wamisionari wa Leipzig wakapanda mlima mwaka 1893 wakiwa na korali zao. Tarumbeta zikafuata, nazo zikapangwa vivyo hivyo kwa sauti nne, na solfa ikaandikwa ubaoni hadi leo. Tunapowaza juu ya vijana wanne wa Moshi watakaochukua fidla mbili, viola moja na selo moja, hatuwazi juu ya jambo geni kabisa.

Wanachokosa ni nyuzi. Hapa pwani inatupita. Zanzibar fidla imekuwa ndani ya taarab kwa vizazi kadhaa, na tangu mwaka 2002 Chuo cha Muziki cha Nchi za Jahazi kimekuwa kikifundisha vijana kuipiga. Lakini sikilizeni fidla za taarab: zote hufuata tuni ile ile, kila mpigaji akiipamba kidogo kwa namna yake. Pwani ina nyuzi zinazokwenda kwa sauti moja. Mlima una sauti nne zisizo na nyuzi. Kwarteti ingekuwa mahali pa kukutana.

Kuna tofauti nyingine, na hii ndiyo tunayoiona kubwa kuliko ya vyombo. Kwaya zetu zina mwalimu mbele. Mkono wake ukipanda tunaanza, ukifumba tunanyamaza, na asipofika mazoezini tunarudi nyumbani. Kwarteti haina mkono huo. Wanne huketi karibu karibu, hupumua pamoja, na kila mmoja hujua sauti za wenzake watatu karibu kama anavyoijua yake. Hakuna wa kumlaumu nyimbo ikiharibika. Miaka ya kwanza ya kundi kama hilo hupita katika kujifunza jambo hilo moja, na ndiyo maana makundi mengi huvunjika humo.

Kronos Quartet ya Marekani ni mfano mzuri. Mpiga fidla David Harrington aliianzisha mjini Seattle mwaka 1973. Mwaka huo huo mtunzi Ken Benshoof aliwaandikia muziki mpya, na malipo yake yakawa mfuko wa donati. (Malipo ya namna hiyo yanaeleweka vizuri sana kwetu, ambako kwaya husafiri siku nzima kwa soda na sahani ya wali.) Wapigaji walibadilika badilika, na ilikuwa mwaka 1978 tu, walipokwisha kuhamia San Francisco, ndipo walipopatikana wanne waliokaa pamoja miaka ishirini. Kinachotuvutia si uvumilivu huo peke yake. Wangeweza kujipatia riziki kwa kurudia Haydn na Beethoven mbele ya watu wanaovijua tayari. Wao wakaenda kuwaomba watunzi walio hai wawaandikie. Kundi changa hujulikana kwa lile linalokubali kupiga, na zaidi kwa lile linalolitafuta lenyewe.

Kwa njia hiyo walimfikia jirani yetu. Justinian Tamusuza, mtunzi wa Uganda aliyezaliwa mwaka 1951 na kufundisha Makerere, aliandika mwaka 1988 kwarteti yenye jina la Kiganda, Mu Kkubo Ery'Omusaalaba, yaani katika njia ya msalaba. Kronos waliirekodi katika albamu ya mwaka 1992 iliyokusanya watunzi wa Afrika. Tunaomba kila mwalimu wa kwaya wa mlimani aisikilize, walau mara tatu, kwa sababu mara ya kwanza itamchukiza.

Itamchukiza kwa kuwa inacheza. Jina linaahidi mateso, na sisi tumefundishwa kwamba mateso huimbwa polepole na kwa sauti ya huzuni. Waumini wa Kibosho na Kilema wanaotembea Njia ya Msalaba siku za Ijumaa za Kwaresima wangetazamia kituo, ukimya, kituo tena. Tamusuza anatoa vipande vifupi vinavyorudiwa, vinavyoingiliana, vyenye miguu ndani yake. Ni muziki wa watu walio njiani, na njia yenyewe ina vumbi na umati. Sisi tunaona amefanya sawa, ingawa hatudai kwamba kila msikilizaji ataguswa. Kuna dakika ambapo ufundi wa kuingiliana unapendeza mno kiasi cha kutusahaulisha nani anabeba mti.

Ufundi huo una asili yake. Katika amadinda ya Buganda, wapigaji wawili huketi pande mbili za marimba moja. Mmoja hupiga, mwenzake hupiga katikati ya mapigo yake, kwa kasi, na tuni inayosikika si ya huyu wala ya yule. Wa tatu husikiliza kinachotokea hapo, kisha hukiokota juu kwa vibao viwili tu. Linganisheni na korali yetu, ambamo sauti ya kwanza ina tuni daima na tatu nyingine huihudumia. Hatuidharau korali, imetulea. Lakini kwa vijana wanne wanaojifunza kukaa bila mwalimu, mpangilio wa Kiganda una fundisho ambalo korali haina, kwa kuwa ndani yake asiyemsikiliza mwenzake hana la kupiga.

Wazee watauliza swali la haki: Neno liko wapi? Kanisa lililojengwa juu ya mahubiri lina sababu ya kuogopa muziki usio na maneno. Kinanda kikipiga peke yake kabla ya ibada, maneno tunayo kichwani. Kwarteti mpya haitupi msaada huo. Tunajibu kwamba Luther mwenyewe aliuweka muziki karibu kabisa na theolojia, na kwamba Tamusuza ameweka neno mahali pamoja, katika jina, kisha akatuachia kutembea.

Hatari kubwa zaidi tunaiona Desemba, watu wanaporudi mlimani kutoka Dar es Salaam na kwingineko. Tarumbeta hazipumziki: harusi asubuhi, mazishi alasiri, ubarikio Jumapili. Ni huduma njema, ila vijana hupiga zile zile kumi na mbili hadi midomo inachoka, na hakuna anayewauliza wangependa kujifunza nini. Wapiga nyuzi wakija, tusiwatie mara moja nyuma ya kwaya wajaze tu sauti.

Wala wasiige Kiganda. Tuni zipo. Miaka ya 1960 Howard Olson aliwahimiza wanafunzi wa theolojia wa Makumira kuandika nyimbo kwa tuni za nyumbani, na wimbo wa Pasaka alioutunga Bernard Kyamanywa mwaka 1966 kwa tuni ya Kihaya umefika katika vitabu vya nyimbo vya makanisa ya mbali. Ni karibu miaka sitini sasa, na mlima huu wa kwaya nyingi bado unaimba kwa tuni za Kijerumani kuliko za Kichaga. Makumira, ambayo sasa ni chuo kikuu chenye idara ya muziki, iko karibu na Usa River, safari ya basi tu kutoka Moshi.

Ikiwa usharika utauliza uwape wapi nafasi ya kwanza, tungesema isiwe harusi wala mavuno. Iwe Ijumaa Kuu, baada ya somo la mateso, wakati ambapo hakuna atakayepiga makofi wala kuinuka kutunza. Dakika nane zinatosha. Waketi chini, pembeni ya madhabahu, wakitazamana.