Historia ya nyimbo zetu iandikwe pia kwa lugha ya walioziimba

Wengi wanaoandika historia ya Kenya huitafuta nchi hii katika nyaraka za serikali na hotuba za marais. Joyce Nyairo ni miongoni mwa wachache walioitafuta katika muziki na mienendo ya watu wa kawaida. Kitabu chake, Kenya@50: Trends, Identities and the Politics of Belonging, kilichochapishwa 2015, kinaiangalia miaka hamsini ya uhuru kwa jicho la utamaduni pendwa.

Miaka kumi kabla ya hapo, yeye na James Ogude walichapisha katika jarida la African Affairs makala kuhusu wimbo Unbwogable wa Gidi Gidi Maji Maji. Wimbo huo ulitamba mwaka 2002, wakati muungano wa NARC ulipoing'oa KANU iliyokuwa imetawala kwa miaka 39. Majigambo ya vijana wawili yakageuka kuwa sauti ya kampeni nchi nzima. Mwanahistoria mwingine angeutaja kwa sentensi moja tu, kisha aendelee na takwimu za kura. Nyairo na Ogude waliona kwamba wimbo ndio ushahidi wenyewe, kwa sababu hofu ya wananchi ilianza kuvunjwa mdomoni kabla ya kuvunjwa debeni. Hapo nawavulia kofia.

Nina dukuduku moja, hata hivyo. Kazi hizi zote ni za Kiingereza. Je, makanga aliyeupiga wimbo huo kwenye matatu yake mchana kutwa ataisoma lini historia inayomhusu?

Kuna watakaodai ati Kiswahili hakina uwezo wa uchambuzi kama huo. Hebu tulitazame neno lenyewe. Mzizi wake, 'bwogo', ni wa Kiluo, maana yake ni kutisha. Mwanzo na mwisho wake ni viambishi vya Kiingereza vya ukanushi na uwezekano. Kiswahili kinasema 'asiyetishika': '-si-' inakanusha, nayo '-ik-' ya kauli ya kutendeka inabeba uwezekano. Maana imefika salama. Kilichobaki nyuma ni utani, yaani mzizi wa Kiluo uliovishwa kofia na viatu vya Kiingereza, ukachekwa na kuimbwa hata na wasiojua Kiluo. Utani huo nao umeelezeka, tena kwa Kiswahili, katika aya hii hii. Tatizo basi si lugha.

Isitoshe, njia hii ilikwisha kufyekwa zamani. Shaaban Robert aliandika Wasifu wa Siti Binti Saad, habari za mwimbaji wa Unguja aliyesafiri hadi Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo zake. Aliona kuwa maisha ya mwimbaji wa taarabu, mwanamke aliyetoka katika umaskini, yanastahili kitabu. Akakiandika kwa lugha ya waliomsikiliza Siti.

Simtupii Nyairo lawama peke yake. Vyuo vikuu vyetu humpandisha cheo mhadhiri kwa makala za majarida ya ng'ambo. Wachapishaji nao hukimbilia vitabu vya shule. Sisi maprofesa wa Kiswahili, nami nikiwemo, tumeandika tahakiki chungu nzima za riwaya na tamthilia, lakini tumeiachia lugha nyingine historia ya benga, taarabu na nyimbo za kampeni.

Hasara yake si ndogo. Historia iliyoandikwa kwa lugha ambayo wahusika hawaisomi kwa raha haiwezi kusahihishwa nao. Mzee aliyepiga gitaa katika bendi hawezi kusema, "La, mwanangu, haikuwa hivyo." Miaka inakwenda, na wazee hao wanatuaga mmoja mmoja.

Kazi za Nyairo zitafsiriwe. Na zile zijazo, hasa za wanafunzi wetu wa uzamili na uzamifu, zianze moja kwa moja kwa Kiswahili, ili waliokuwapo wapate kuzijibu wakiwa hai.