Naruto Amekatwa Kichwa na Miguu

Kuna folda ya Naruto, katuni ya Kijapani, iliyotafsiriwa kwa Kiswahili na kupakiwa Internet Archive. Sauti safi, majina ya faili yamepangwa, hongera. Ila picha imekropiwa, na hapo kazi nzima imeharibika.

Naruto ya kwanza, episodi 220 za TV Tokyo kuanzia 2002 hadi 2007, ilitengenezwa kwa umbo la picha la 4:3. Mpakiaji akaionea aibu mistari myeusi ya pembeni, akakata juu na chini hadi ikajaa flati skrini. Kutoka 4:3 kwenda 16:9 kwa mtindo huo unatupa robo nzima ya picha. Tazameni wimbo wa mwanzo. Mashabiki waliotafsiri kwa Kiingereza enzi zile, kina Dattebayo na wenzao, walichomea maandishi ndani ya picha yenyewe: karaoke ya Kijapani juu, tafsiri chini. Sasa juu zimebaki mikia ya herufi, chini vichwa vya herufi. Jina la mtafsiri wetu wa Kiswahili, lililokuwa likipita chini pamoja na namba ya simu ya library ya video, limekwenda na maji. Kakashi, mwalimu wa Naruto, ambaye kwa kawaida tunamwona jicho moja tu, kanyang'anywa hata nywele.

Na wala hapakuwa na haja. Anayetaka skrini ijae afungue programu ya VLC, abonyeze C, akrope kwake nyumbani. Archive nayo hutengeneza yenyewe nakala nyepesi ya kutazamia, huku faili uliyopakia ikibaki kama ilivyo. Mpakiaji huyu kakata, kabana upya, ndipo akapakia.

Kosa lenyewe si geni. Kampuni ya Kimarekani ya FUNimation walifanya hivihivi kwa Dragon Ball Z mwaka 2007, wakasugua na chenga za filamu hadi mistari ya wachoraji ikafifia, wakati Wajapani walishatoa DVD za Dragon Box zenye picha kamili tangu 2003. Library zetu za video nazo, zilizobana kila kitu kuwa 3GP ya simu, sijazisamehe.

Lufufu wa Dar es Salaam alitafsiri filamu kwa Kiswahili kwenye kanda za VHS, na kazi yake ilikuwa kuongeza: sauti, utani, maelezo. Hawa wa leo wana kompyuta, wanapunguza.

Kama DVD asilia za Naruto hiyo bado zipo, zipakiwe upya na mistari yake myeusi, na hii iliyopo iandikwe kwenye maelezo kuwa imekatwa.