Kutisha Mchana Kweupe

Anayetaka kuwatisha watu kwa filamu kwa kawaida huanza kwa kuzima taa. Mfini Erik Blomberg alifanya kinyume. Filamu yake ya mwaka 1952, Valkoinen peura, yaani Reindia Mweupe, ilipigwa Lapland, kaskazini ya mbali ya Ufini, na sehemu kubwa ya vitisho vyake hutokea mchana kweupe, kwenye uwanda wa theluji usio na hata kichaka cha kujificha.

Pirita ameolewa na Aslak, mfugaji wa reindia, wanyama wa jamii ya kulungu wa nchi za baridi. Mume huenda machungani siku nyingi. Mke hubaki na upweke wake, mpaka anamwendea mganga kuomba dawa ya mapenzi. Dawa ina sharti: amtoe kafara kiumbe hai wa kwanza atakayekutana naye. Anakutana na ndama mweupe, zawadi ya mumewe. Anamchinja. Tangu hapo hugeuka reindia mweupe, na wanaume wanaomfukuza hadi bondeni hawarudi. Aliyelelewa Pwani hahitaji kufafanuliwa sharti la namna hiyo.

Blomberg alikuwa mpigapicha kabla ya kuwa mwongozaji, na inaonekana. Mnyama anakimbia, picha inakatwa, mwanamke amesimama mahali pake. Basi. Hakuna mtambo wala moshi. Mnyama mweupe juu ya weupe karibu apotee machoni, na mtazamaji hujikuta akiitafuta hatari kwa macho yake mwenyewe. Muziki wa Einar Englund unamalizia kazi.

Blomberg hakufanya haya kwa fedha za studio kubwa. Chini ya kampuni ndogo ya Junior-Filmi aliongoza, akapiga picha, akahariri. Hadithi aliiandika pamoja na mkewe, Mirjami Kuosmanen, ambaye ndiye Pirita. Kwa haki, nusu ya sifa ni ya mama huyo: uso wake hupita kutoka kicheko hadi njaa ya mnyama bila kipodozi kikubwa.

Sifa nazo zina mpaka. Waigizaji wakuu ni Wafini, wakati maisha yanayosimuliwa ni ya Wasami, wenyeji wa asili wa Lapland, na uganga wao umetiwa chumvi ili hadithi inoge.

Mwaka 1953 filamu hiyo ilituzwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, ambako Jean Cocteau aliongoza jopo la waamuzi, na mwaka 1957 ikapata tuzo ya Golden Globe nchini Marekani. Ungedhani milango ilifunguka. Blomberg aliongoza filamu ndefu nne tu baada ya hapo, ya mwisho mwaka 1959, na hakuna hata moja iliyofikia hii. Kuosmanen alifariki mwaka 1963. Blomberg mwenyewe aliishi hadi 1996.

Filamu yenyewe haifikishi saa moja na nusu, na imekwisha kukarabatiwa kidijitali. Ukiipata, itazame kwenye skrini kubwa. Kwenye simu weupe ule hautishi.