Sikio Kwanza: Namna ya Kumpima Muigizaji wa Kike

Anayetaka kumpima muigizaji na aanze kwa sikio. Huku Micheweni, kaskazini mwa Pemba, watu wengi waliijua michezo ya kuigiza miaka mingi kabla ya televisheni kuingia majumbani, na waliijua kwa redio. Mchezo wa redio hauna sura nzuri wala nguo ya kupumbaza macho. Una sauti tu, na sauti ikidanganya msikilizaji hujua papo hapo. Hata leo, wenye king'amuzi na wenye simu wakiwa wengi, utamkuta mwanamke anaponda kokoto na redio ndogo iko kivulini pembeni yake. Ndiyo maana hukumu za hapa juu ya waigizaji ni kali, na nyingi ni za haki. Ninazozieleza hapa ndizo ninazoziamini.

Sikiliza kwanza kama sauti inajua inasema na nani. Mwanamke wa Kipemba hasemi na mkwewe kama anavyosema na wifi yake, wala hasemi na mchuuzi wa samaki kama anavyosema na somo yake. Kwa mkwe sauti hushuka na maneno huzunguka. Ombi hufika mwisho kabisa, baada ya kuulizia hali za nyumba nzima. Kwa shoga, sentensi hukatika katikati kwa sababu mwenzake ameshaujua mwisho wake. Muigizaji ambaye hajaiva husema na wote kwa sauti moja, ile aliyoizoea katika tamthilia nyingine. Ukimsikia hivyo, huna haja ya kungoja kisa kifike mbele.

Lafudhi huja baada ya hapo. Kipemba cha Micheweni si cha Mkoani, na vyote viwili si maneno ya mjini Unguja. Anayeigiza Kipemba ili watu wacheke hulikaza kila neno. Mpemba mwenyewe hayakazi yote; lafudhi yake hupanda anapokasirika, anapochoka, au anapozungumza na mama yake, na hupungua akiwa mbele ya hakimu au daktari. Muigizaji anayejua lini lafudhi ipande na lini ishuke ameshafanya nusu ya kazi, hata kama hakuzaliwa Pemba.

Mfano wa karibu ni Vuta N'kuvute, filamu ya Amil Shivji iliyoonyeshwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021, kutoka katika riwaya ya Adam Shafi. Yasmin, msichana wa Kihindi anayeikimbia ndoa aliyochaguliwa, ameigizwa na Ikhlas Gafur Vora; Mwajuma, shoga anayempokea, ni Siti Amina, ambaye kazi iliyomjengea jina ni muziki. Uimbaji ni chuo kikubwa cha uigizaji. Aliyezoea kuimba anajua neno linakaa wapi ndani ya pumzi moja, na anajua kumwachia mwenziwe nafasi kabla ya kuitikia. Ukiitazama filamu hiyo, wasikilize wanawake hawa wawili wakiwa chumbani peke yao, kisha wasikilize wanaume wanapoingia. Hapo ndipo pa kupima.

Sikio hilohilo litakusaidia kwa tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti za Kiswahili, ambazo siku hizi zinaangaliwa katika kila kijiji. Humo kila mhusika ana waigizaji wawili, mmoja mwenye mwili na mwingine mwenye sauti, na huna haki ya kumsifu mmoja kwa kazi ya mwenzake. Jambo hili si geni. Mwaka 1956 Deborah Kerr, muigizaji wa Kiskoti aliyezaliwa Glasgow mwaka 1921, aliigiza katika The King and I, akateuliwa kuwania Oscar kwa kazi hiyo. Lakini nyimbo zilizosikika kinywani mwake nyingi ziliimbwa na Marni Nixon, ambaye jina lake halikuandikwa kwenye filamu. Dhuluma hiyo kwa Nixon haifutiki. Hata hivyo, kwa anayejifunza kupima, filamu hiyo ni hazina, kwa sababu wanawake hao walifanya mazoezi pamoja. Tazama shingo na kifua cha Kerr kabla ya kila mstari wa wimbo: mwili wake unavuta pumzi ileile ambayo sauti ya mwenziwe inakwenda kuitumia. Kisha rudi kwenye tamthilia ya jioni uone mara ngapi mdomo umeshafunga na sauti bado inasema.

Baada ya sikio, mikono.

Micheweni ni wilaya ya mikono. Wanawake wa hapa wanalima mwani, wanasuka ukili, wanachuma karafuu msimu ukifika, wanaponda mawe yawe kokoto za kuuza. Kila kazi ina mwendo wake, na mwendo huo haufundishwi kwa asubuhi moja. Mlimaji wa mwani hushuka pwani kwa kufuata bamvu, maji yakiwa yamekimbia mbali. Huinama kwenye kamba zilizofungwa vigingini, na vidole hufunga tawi baada ya tawi huku macho yakiangalia maji yanaporudi. Haangalii vidole. Anayeangalia vidole vyake ni mgeni wa kazi. Mponda kokoto naye hukunja jicho kidogo kabla nyundo haijatua, kwa ajili ya vichembe. Muigizaji akiigiza kazi hiyo na jicho likabaki wazi, basi hajawahi kukaa kwenye lundo la mawe, na aliyemwelekeza hajawahi pia.

Kerr ananirudia hapa, safari hii kwa upande wa kasoro. Kabla ya The King and I alikuja kwetu Afrika Mashariki: King Solomon's Mines ya mwaka 1950 ilipigwa Kenya, Tanganyika, Uganda na Kongo. Ni filamu yenye nchi nzuri sana machoni, na ndani yake Kerr, mwanamke anayemtafuta mumewe porini, anachukua mkasi akakata nywele zake ndefu kwa sababu ya joto, kisha anaosha kichwa. Tunapomwona tena nywele zimejipanga mawimbi kwa mawimbi, kazi ya saluni. Kosa hilo ni la studio kuliko lake, ila mtazamaji anayejua jua na maji hufanya nini juu ya nywele hawezi tena kuiamini safari yote. Mwili wa muigizaji haumdanganyi mtu aliyeyaishi yanayoigizwa, na kwa hakika hiyo mtazamaji wa kijijini anamzidi mhakiki wa mjini mara nyingi.

Ukitaka kuona mikono iliyofanya kazi yake barabara, mtazame Lupita Nyong'o katika 12 Years a Slave ya mwaka 2013. Alizaliwa Mexico City mwaka 1983 kwa wazazi Wakenya, akalelewa Kenya, akamwigiza Juliet katika kundi la Phoenix Players la Nairobi akiwa na umri wa miaka 14, baadaye akasomea uigizaji Yale akamaliza mwaka 2012. Katika filamu hiyo yeye ni Patsey, mtumwa anayechuma zaidi ya pauni 500 za pamba kwa siku, yaani zaidi ya kilo 220, kuwashinda wanaume wa shamba zima. Mikono yake shambani ina wepesi usiotaka sifa, mikono ya mtu ambaye zamani ameacha kuwaza anachofanya. Kisha kuna pahala mikono hiyohiyo inatengeneza wanasesere kwa majani ya mahindi, na ghafla unamwona msichana ndani ya mtumwa. Hakuna neno lililosemwa kukueleza hivyo. Wachumaji wa karafuu wataitambua ile mikono ya kwanza mara moja. Na kila aliyewahi kusuka ukili jioni, mwili ukiwa hoi, ataitambua ya pili.

Machozi nayapitia haraka, kwa kuwa yanasifiwa kuliko yanavyostahili. Mtu kulia ni rahisi; wapo wanaolia kwa kufikiria jambo lao wenyewe, na kamera haijui tofauti. Msibani kwetu anayeliza watu ni yule anayejizuia ili apokee wageni na kupanga mkeka, mpaka mtu mmoja anapomtaja marehemu kwa jina la utotoni. Muigizaji anayejua kujizuia mpime juu zaidi ya anayejua kulia.

Kimya ndicho kipimo kigumu kuliko vyote. Maangamizi, filamu ya Martin Mhando na Ron Mulvihill ya mwaka 2001, ilipelekwa na Tanzania kuwania Oscar, kama ilivyopelekwa Vuta N'kuvute miaka mingi baadaye. Ndani yake Amandina Lihamba ni Samehe, mwanamke aliyelazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili na ambaye kwa miaka hajafungua kinywa. Lihamba alifundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam akiwa profesa, naye ni mwandishi wa tamthilia, mwenye Hawala ya Fedha ya mwaka 1980. Ni mtu wa maneno hasa. Kumpa mtu wa namna hiyo uhusika usiosema ni kumvua silaha zake zote. Anachobakiwa nacho ni kusikiliza. Muigizaji dhaifu akinyamaza hungoja zamu yake, na kungoja huko utakuona usoni: macho yamekaa, mdomo uko tayari. Aliyeiva akinyamaza huendelea kupokea, na kila anachoambiwa kinamwacha tofauti kidogo na alivyokuwa. Katika uhusika kama wa Samehe, usimtazame daktari anayesema. Mtazame asiyejibu.

Na kwa bahati njema, mwaka 2024 Nyong'o alituachia mizani iliyo kamili. Mwaka huo alitoka katika filamu mbili. Katika A Quiet Place: Day One yeye ni mgonjwa wa saratani katika mji uliovamiwa na viumbe wanaowinda kwa kusikia, hivyo karibu kila kitu lazima kisemwe kwa macho na pumzi. Katika The Wild Robot hana uso hata kidogo. Yeye ni sauti ya roboti iliyojikuta kisiwani, inayoanza kusema kwa ubaridi wa chuma na kidogo kidogo kujifunza kulea kifaranga wa bata bukini. Sijui njia bora ya kumfundisha kijana kupima uigizaji kuliko kumwonyesha filamu hizo usiku mmoja baada ya mwingine. Ya kwanza iangaliwe kwa utulivu wa nyumba nzima. Ya pili, zima picha kwa dakika kumi usikilize kama mchezo wa redio, na ujiulize ni wapi hasa roboti imeacha kuhesabu ikaanza kupenda. Kama unaweza kuonyesha pahala penyewe, Nyong'o ameifanya kazi yake, na sikio lako limeifanya yake.

Mwisho, usiziache tuzo zikuamulie. Nyong'o alipata Oscar yake Machi 2014 kwa filamu yake ya kwanza kubwa. Ilistahili, lakini haikutuambia kama angeweza kumbeba mama mjane wa Katwe, kama alivyofanya katika Queen of Katwe mwaka 2016, au wanawake wawili wenye sura moja na sauti mbili, kama katika Us mwaka 2019. Yalikuja kujulikana kwa miaka. Kerr naye aliteuliwa mara sita kuwania Oscar ya muigizaji bora wa kike, na mara zote sita akatoka mikono mitupu, mpaka alipopewa ya heshima mwaka 1994. Alianza kwa kusomea dansi ya ballet, akawa mtawa mkuu katika Black Narcissus mwaka 1947, akavunja sura yake ya bibi mwenye adabu katika From Here to Eternity mwaka 1953, na katika miaka ya 1980 akawa kwenye televisheni katika A Woman of Substance. Alifariki mwaka 2007. Mtu wa namna hii hapimwi kwa filamu moja. Chukua tatu zilizotengana kwa miaka, uulize kama mwanamke wa tatu angeweza kumtambua wa kwanza.

Na kama nafasi ni ya filamu moja tu ya Kerr, wengi watakwambia From Here to Eternity. Mimi nachagua The Innocents ya mwaka 1961, hasa kwa watu wa Pemba. Kerr humo ni mlezi wa watoto wawili katika jumba la mashambani, naye anaanza kuwaona watu waliokwisha kufa. Upande wa pili wa ziwa mwanamke amesimama kwenye matete, na mtoto aliye karibu hana dalili ya kumwona. Waliokulia kwenye ngoma za kupunga pepo watasema shetani yupo, na kwamba mtoto anajua anachoficha. Walio na mashaka watasema mlezi mwenyewe ndiye anayeugua. Nakuhakikishia watagombana mpaka usiku, kila mmoja akionyesha uso wa Kerr kama ushahidi wake, na uso huo unawatosha wote wawili kwa sababu hofu iliyomo ni ileile, shetani awepo au asiwepo.