Mashine Kusoma Kiswahili: Uhakiki wa Tesseract

Magazeti, vitabu na hati za Kiswahili za miaka iliyopita zinapigwa picha na kutiwa katika kompyuta. Hata hivyo, ukurasa uliopigwa picha bado ni picha tu: mwanafunzi hawezi kutafuta neno ndani yake, wala kunukuu aya pasipo kuinakili kwa mkono. Kazi ya kugeuza picha iwe maandishi hufanywa na programu maalumu, na mojawapo iliyoenea sana ni Tesseract. Makala haya yanakusudia kuihakiki programu hiyo kama tunavyompima msomaji darasani: inasoma nini, inasoma vipi, na inapokwama hufanya nini.

Tesseract ilianza kuundwa katika kampuni ya Hewlett-Packard mwaka 1985, na kazi hiyo ikaendelea hadi mwaka 1994. Mwaka 2005 ilitolewa huru ili kila mtu aweze kuitumia na kuirekebisha bila malipo, na tangu mwaka 2006 kampuni ya Google ikaiendeleza kwa miaka mingi. Toleo la nne, lililotoka mwaka 2018, lilileta njia mpya ya kusoma mstari mzima kwa mtandao wa hesabu uliofunzwa kwa mifano. Programu yenyewe haijui lugha yoyote. Ujuzi wa kila lugha umewekwa katika faili lake, na la Kiswahili huitwa “swa”. Ndani ya faili hilo mna orodha ya herufi na alama, mna mtandao uliofunzwa, na mna orodha ya maneno inayoisaidia mashine kuchagua pale isipokuwa na hakika.

Tuanze na sifa, maana haki ndiyo msingi wa uhakiki. Waundaji wake wanaeleza kwamba mafaili ya lugha za herufi za Kirumi yalifunzwa kwa mistari ipatayo 400,000, katika aina za chapa zipatazo 4,500. Kwa hiyo kitabu cha kiada kilichochapwa vizuri kwa Kiswahili sanifu husomwa kwa usahihi wa kuridhisha. Mwalimu aliye mbali na mji aweza kuitumia pasipo intaneti, maadamu faili limekwisha kuwekwa katika kompyuta yake.

Kasoro ya kwanza inatokana na ile orodha ya maneno. Kiswahili hujenga maneno kwa viambishi: katika mzizi mmoja wa “som” tunapata alisoma, tutamsomea, wasingalisomeshwa, na mengine yasiyohesabika. Hakuna orodha itakayoyamaliza. Mtandao waweza kusoma neno lisilokuwamo, lakini wino ukififia, orodha huivuta mashine kuelekea neno lililozoeleka. Katika shairi la Kimvita au Kiamu, neno “mato”, yaani macho, laweza kutoka “moto”. Kosa la namna hii ni baya kuliko herufi zilizovurugika, kwa kuwa “moto” ni tahajia sahihi, na asiye na ukurasa wa asili mbele yake hatashuku lolote. Huenda hata akaandika uhakiki mzima juu ya moto ambao mshairi hakuuwasha.

Kasoro ya pili yahusu ritifaa. Alama hiyo ni ndogo, na katika ukurasa uliochakaa hufanana na doa. Ikiachwa, “ng’oa” huwa “ngoa”, na kazi ya shambani ikageuka kuwa habari ya wivu na tamaa.

Walimu wa Kongo wanayo sababu zaidi ya kutahadhari. Mwaka 1965 André Yav, kwa niaba ya chama cha waliokuwa watumishi wa nyumbani, aliandika historia ya mji ambao leo ni Lubumbashi, iitwayo Vocabulaire de la ville d’Élisabethville. Ilipigwa taipu kwa Kiswahili cha mji huo. Tahajia yake hubadilika-badilika, na maneno hayagawanywi kama vitabu vya sarufi vinavyotaka. Johannes Fabian, aliyeichapisha mwaka 1990, alisaidiwa na Kalundi Mango, na ilibidi matini isomwe kwa sauti ndipo maana yake ibainike. Tesseract ina jicho, lakini haina sikio. Kuisahihisha matini ya namna hiyo kwa orodha ya Kiswahili sanifu ni kuwanyang’anya waandishi wake sauti yao.

Pengo kubwa kuliko yote ni la herufi za Kiarabu. Kiswahili kiliandikwa kwa herufi hizo kwa muda mrefu kabla ya shule za wamisionari, ilhali faili la “swa” ni la herufi za Kirumi peke yake. Faili la Kiarabu haliwezi kuliziba pengo hilo, kwa maana limefunzwa kwa maneno ya Kiarabu na kwa maandishi ya chapa, na hati zetu ni za mkono. Tena, katika hati nyingi za zamani herufi moja hubeba b, p na mb, na msomaji hupambanua kwa maana na mizani. Hati za mashairi ya Muyaka wa Mombasa, alizozikusanya W. E. Taylor kwa msaada wa Mwalimu Sikujua, zimehifadhiwa London. Mashine hii haiwezi kuzisoma. Hapo ndipo penye hatari. Wanafunzi waliozoea kutafuta kila kitu kwa kompyuta watadhani kwamba kisichopatikana humo hakikuandikwa kamwe.

Hatusemi programu hii itupwe. Tunasema iwekwe mahali pake, nalo ni la mwandishi msaidizi ambaye kazi yake lazima ikaguliwe. Ukurasa wa asili uhifadhiwe daima pamoja na maandishi yaliyotolewa. Kwa mashairi na lahaja, programu iamrishwe isiitumie orodha ya maneno, jambo linalowezekana. Na kwa kuwa mafaili haya yaweza kufunzwa upya, walimu na wanafunzi wao wasahihishe mistari ya magazeti na hati za kwao, waikusanye, na kuitoa kwa mafunzo hayo. Tukiwaachia wengine kazi ya kuifundisha mashine kusoma Kiswahili, tusishangae itakapokisoma kigeni.